Konstebo Anayepokea Fimbo za Wapiga Kura

Saa mbili asubuhi, ukungu bado umelala juu ya migomba ya Kilasyo, katika milima ya Rungwe. Konstebo Marcelino Kihwele amesimama mlangoni mwa ghala la kahawa, kaptula yake ya kaki imelowa umande. Kila mwanachama wa ushirika anayefika anamkabidhi fimbo yake. Marcelino anaifunga ukambaa wa mgomba na kuiegemeza ukutani.

"Baba, hii yenye kifundo ni yako," anamwambia mzee mmoja. "Ukitoka utaikuta hapa hapa."

Fimbo zimeshapita sitini na hakuna hata moja yenye jina. Namuuliza atazitambuaje. Anacheka na kusema kwamba uso wa mtu anaweza kuusahau, fimbo yake hapana.

Mwaka jana fimbo hizo ziliongea. Watu walikuwa wamejipanga nyuma ya wagombea wawili wa uenyekiti wa chama cha ushirika, mmoja akahama mstari dakika ya mwisho, na mkutano ukaishia kwa vichwa kupasuka. Chama kilikaa msimu mzima bila mwenyekiti, kahawa ikalala majumbani. Safari hii wameonywa: wakivuruga tena, chama kitafungwa.

Ndiyo maana Marcelino ametembea maili kumi na moja kutoka Tukuyu, peke yake, na kirungu kimoja kwa watu mia moja na arobaini. Huu ni uchaguzi wa nne wa ushirika anaoulinda.

"Kirungu sijawahi kukichomoa," anasema. "Nikikichomoa, uchaguzi umeshakufa."

Ana miaka thelathini na minne, Mhehe wa Kalenga, Iringa. Mkewe, Apolonia, yuko huko na watoto watatu. Kinyakyusa chake ni cha salamu tu, na upungufu huo ulikaribia kumponza siku hiyo hiyo.

Saa nne watu walianza kujipanga, wengine nyuma ya Anania, wengine nyuma ya Sedekia. Ikupa, mjane anayetunza mibuni ya marehemu mumewe, alikuwa akiufuata mstari wa Anania. Mzee mmoja akamtangulia na kusimama mwishoni. Ikupa alipomwona alifunika uso kwa nguo, akageuka na kukimbilia migombani.

Marcelino aliona mpiga kura ametishwa. Alipuliza filimbi, akasimamisha hesabu, akamshika yule mzee mkono na kumtaka aeleze amemwambia nini yule mama.

Mkutano ukachafuka. Askari amemshika Mzee Asukile mbele za watu! Wanaume wakaanza kusogelea ukuta wa fimbo, nami, sitaficha, nikaanza kutafuta njia ya kutokea.

Karani wa chama, Jailos, ndiye aliyewahi kumnong'oneza Marcelino. Asukile ni baba mkwe wa Ikupa, na kwa Wanyakyusa mke wa mtoto haonani na baba mkwe wake. Wakikutana njiani, mwanamke huiacha njia. Angewezaje kusimama nyuma ya mgongo wake?

Marcelino alivua kofia, akachuchumaa mbele ya Asukile na kuomba radhi. Waliokuwa karibu na fimbo wakasimama. Sidhani kama walikuwa wamewahi kuona serikali ikichuchumaa.

Mtu mmoja akashauri mama aende zake nyumbani, kura moja si kitu. Jibu lilitoka migombani.

"Kahawa nimepalilia kama ninyi. Nami nataka nihesabiwe."

Marcelino akakunjua koti lake la mvua, akalinyanyua kwa mikono miwili nyuma ya Asukile. Ikupa akazunguka na kusimama upande wa pili. Jailos akahesabu mstari mzima mpaka kwake.

Anania alipata sitini na nane, Sedekia sabini na mbili. Upande wa Ikupa ulishindwa, lakini kila mtu alichukua fimbo yake na kwenda nayo nyumbani. Kabla ya koti kushushwa, Ikupa alisema neno moja tu la shukrani: "Ndaga."

Jioni, tukishuka kuelekea Tukuyu, namuuliza Marcelino yeye humchagua nani. Katika chaguzi zote nne, anasema, amelinda hesabu ambayo yeye hamo. Amebakiza miaka miwili kazini, kisha atarudi Kalenga kulima na kujiunga na ushirika.

"Siku hiyo nitafika na fimbo yangu, nimkabidhi askari," anasema. "Ila nitamwomba kwanza aulize desturi za kwetu."