Orkestra ya Prof Denis

Nakumbuka siku moja ya mvua hapa Butembo, mwanangu, nilipoingia darasani kwa Prof Denis nikiwa na furaha na woga kwa pamoja. Nilikuwa msichana bado, mwimbaji wa orkestra ndogo iliyofanya mazoezi katika depo ya kahawa ya baba yake Paluku. Paluku alipiga gitaa, Muhindo ngoma. Asubuhi ile bwana mmoja wa Kinshasa, aliyetusikia kwenye harusi, alikuwa ameniambia niende naye huko kurekodi diski. Mimi tu, bila wenzangu.

Prof Denis, maana walimu wa sekondari huku twawaita prof, alikuwa Mwingereza, alifundisha shule ya mapadri, na Kiswahili chetu alikijulia sokoni. Nilimwambia nitapanda ndege kule Beni kimyakimya, wenzangu watajua nikishafika.

Hakunigombeza. Alikaa kwenye benchi ya wanafunzi.

"Kavira, miye pia nilikuwaka mwimbaji," alisema.

Kwao, katika ujana wake, alikuwa na orkestra pamoja na marafiki wa mtaa wake. Jina la orkestra hiyo kwa lugha yetu ni Ngazi ya Chumvi. Walipiga rock ya namna ambayo vijana wa kule waliipenda wakati ule, yenye maneno kama ya ndoto na gitaa linalolia kana kwamba liko chini ya maji. Walinunua kinanda kikuukuu cha kanisa lililofungwa. Waligeuza hata ukanda wa kurekodia ili sauti itoke kinyumenyume. Hapo nilicheka, naye akacheka. Walitoa diski moja, na karibu wote walioinunua walikuwa majirani.

Kisha kampuni kubwa ikamwita yeye peke yake. Akaondoka bila kuaga. Wenzake walimngoja kwenye mazoezi, wakaja kusoma habari zake gazetini. Kampuni ilimvalisha suti, ikamwimbisha nyimbo asizozipenda, ikamwacha. Aliporudi, kinanda kilikuwa kimeuzwa, orkestra imekufa.

"Mupiga ngoma, rafiki yangu wa utoto, alinipa chai," alisema. "Alinisalimia muzuri, sawa vile banasalimia mugeni. Ni ile njo iliniumiza."

"Donc, basi nibakie, Prof?"

"Hapana. Wende. Kwenda haiko mubaya. Mais lakini ubaambie weye mwenyewe, kabla basikie kwa batu bengine."

Nilikwenda depo, nikawaambia. Muhindo aliuliza tu, "Na nyimbo zetu?" Nikamjibu zitabaki zao. Paluku aliweka gitaa chini, akatoka nje kwenye mvua. Alikaa huko muda mrefu. Aliporudi alisema:

"Niko na kasirani, Kavira. Mais nitakufikisha Beni."

Alinipeleka kwa pikipiki kwenye matope yale. Pale uwanja wa ndege alifunga upya kamba ya valizi yangu ya nguo, akaivuta kuona kama imekaza, akaondoka.

Diski yangu ilitoka, redio zikaipiga kidogo, ikasahaulika. Nilirudi na aibu. Wenzangu walikuwa wamepata mwimbaji mwingine, msichana wa kutoka mji wa Kayna. Paluku aliniona mlangoni mwa depo, akamwambia yule dada, "Songa kidogo, Kavira asimame." Basi. Tuliimba kwenye harusi za watu wa hapa mpaka nywele zikawa nyeupe. Mwaka jana tulimzika Paluku. Mimi niliimba kwenye misa, Muhindo akapiga ngoma, na watoto wa marehemu walinikalisha pamoja na ndugu zao wa damu.

Mwanangu, ukiitwa mbali, nenda, hakuna dhambi. Lakini usiwaache watu wako wajue kwa midomo ya wengine. Waambie wewe, na wakikasirika, vumilia hasira yao. Mtu aliyekukasirikia mbele yako bado ni wako.

Mungu akulinde kwenye barabara zetu hizi, akupe kazi unayoipenda, na siku utakayorudi, uwe umeshinda au umeshindwa, akukutanishe na watu watakaosogea upate pa kusimama.