Wasifu wa Mcheza Filamu Aliye Hai

Mama niliyekuwa namtunza mjini Mesquite, huku Texas, aliwahi kuwa mcheza filamu kwao Meksiko, zamani za picha zisizo na rangi. Filamu zake sikuzielewa, maana Kihispania changu ni cha jikoni na bafuni tu. Ninachojua ni alichoniambia yeye na alichoniambia binti yake, na hayo mawili hayakufanana kila mara.

Siku moja nilimwomba ruhusa niende mji wa jirani, Arlington, kumzika Mkenya mwenzangu. Niliporudi akataka kujua sisi tunazikaje. Nikamwambia Wakenya hatuziki mpaka mtu asimame asome wasifu wa marehemu.

"Na mwenyewe hasikii?"

"Atasikiaje, mama?"

"Basi ni hasara. Niandikie wangu, nisikie."

Nilikataa. Kwetu kumwandikia mtu aliye hai wasifu kama huo ni kumwitia kifo, tena mimi shule yangu iliishia darasa la nane. Hakukubali. Akataka na binti yake aje atafsiri, kwa sababu Kiingereza kilikuwa kinamchosha.

Binti huyo, naye mvi zimeshaanza, anafanya kazi ya ofisi Dallas. Nilipompigia simu alijibu: "Nitakuja. Lakini usisahau kuandika ni nani aliyenilea."

Aliyemlea ni nyanya yake, kijijini, Mama akiwa mjini anacheza filamu. Mama hakuwahi kunigusia hilo. Nikiliacha namdhulumu binti, nikiliandika namshtaki mzee anayenitegemea kumlisha. Niliandika nikafuta, mwishowe nikalitia kwa sentensi moja, chini kabisa. Mpaka leo sijui kama hiyo ilikuwa haki au woga.

Jumapili baada ya kanisa tukakaa sebuleni. Mazoea yakanishinda, nikaanza: "Marehemu alizaliwa katika mji mdogo wa wafuga ng'ombe..."

Binti akaziba mdomo.

"Yesu wangu! Nisamehe, mama."

"Endelea tu. Nimeuawa kwenye filamu nyingi, mara moja zaidi si kitu."

Nikasoma kwa Kiingereza, binti akitafsiri, jinsi shangazi yake Mama, mshonaji wa nguo za waigizaji, alivyompeleka studio, akawa anasimama nyuma kama mpita njia, hadi siku msichana mmoja hakufika, yeye akapewa maneno yake. Akaigiza mchumba mwenye nywele za kusuka. Kisha hawara mwovu, mwovu kiasi kwamba muuza vitunguu sokoni alikataa kumuuzia. Kabla hajazeeka wakamfanya mama wa kulialia. Kazi zilipopungua akazunguka na filamu zake hadi Texas, kwenye sinema zilizojaa vibarua wa kwao, akiwasalimia jukwaani. Akaolewa huku na fundi wa magari, akawa mshona mapazia.

Alisikiliza akitabasamu, mara ananikatiza: "Polepole! Hapo watu wanacheka, wape nafasi."

Nikafika chini. "Mtoto wake wa pekee alilelewa na nyanya yake miaka yote ambayo yeye alikuwa akicheza filamu."

Binti akatazama zulia. Akasema kwa Kihispania kitu kifupi ambacho hata mimi nilikielewa: ana binti mmoja. Basi.

Mama akamgeukia. "Huyu amesoma refu, wewe umesema fupi."

"Mama, acha."

"Mimi nimekula kwa kusema yaliyoandikwa. Sema yote."

Akasema yote, sauti kavu. Mama akafumba macho muda mrefu hata nikamshika mkono kupima mshipa. Akaunyakua.

"Sijafa. Ongeza kwamba nilipokwenda kumchukua alinikimbia, akajificha nyuma ya nyanya yake. Alikuwa ameniona kwenye filamu nikiwa yule mwovu. Filamu ndizo zilizomtisha mtoto wangu."

Nikaandika. Binti akatikisa kichwa. Safari hii alisema kwa Kiingereza, sijui kama ni ili nami nisikie.

"Kijijini hakukuwa na sinema, Mama. Sikuwa nimeona filamu yoyote. Nilikimbia kwa sababu sikukujua."

Sikuwepo, ningejuaje? Nikauliza niandike la nani.

Mama alikuwa akimwangalia binti yake, midomo ikitetemeka. Sidhani kama alikuwa anaigiza, ingawa siwezi kuapa.

"Langu likate," akasema. "Andika lake."

Nikakata. Binti akatoka kwenye kochi la mbali, akaja kukaa karibu nasi aone ninavyoandika, akanisahihisha jina la kijiji.