Siku Tuliyoirudisha Mikoko

Juzi nilimwona mtoto sokoni Darajani amekumbatia kitabu cha hadithi, nikakumbuka alasiri moja kwa bibi yangu, kijijini Fumba. Nilikuwa nasoma habari za watoto waliosafiri hadi siku zijazo, wakakuta pwani haina mkoko hata mmoja. Nikaacha kusoma, nikamkimbilia bibi nikilia.

“Basi usilie. Twende tukapande.”

Tope lilinuka chumvi na kaa. Nikachomeka mbegu yangu juu chini. Bibi akacheka mpaka kanga ikamdondoka.

“Loo, mume wangu! Mkoko gani huu wasimama kwa kichwa?”

Tulipanda mpaka maji yakajaa. Nyumbani nikafungua ukurasa uliofuata kwa vidole vya tope. Mikoko imerudi! Siku hizi najua mwandishi alikwishamaliza zamani. Siku ile nilijua ni sisi.

“Bibi,” nilipiga kelele, “ishaota!”