Mwani Hauna Mzizi, Lakini Una Mwenyewe

Ninyi vijana mtakaosoma haya, wekeni simu chini kwanza. Sikuandika ili mnionee huruma, wala sikuandika mcheke. Shule niliiacha mapema nikaolewa, na kusoma nimejiendeleza mwenyewe kwa magazeti yanayofungiwa maandazi. Lakini liko neno moja la kitaalamu ambalo sitalisahau mpaka naingia kaburini, kwa sababu lilimwaga damu ya mwanangu mbele ya macho yangu. Neno lenyewe ni thalofita.

Thalofita ni mmea wa kale. Afisa ugani aliyekuja kwetu Songo Mnara kutufundisha kilimo cha mwani alitueleza hivyo, tumekaa mikekani, yeye kasimama na kijiti. Alisema kabla ya mnazi na mkorosho, kabla hata ya haya majani tunayoyakanyaga, palikuwa na mimea ya namna hiyo tu. Haina mzizi, haina shina, haina jani. Haitoi ua. Ni mwili mmoja mtupu, ukikata kipande na kukifunga mahali pengine, kipande kinaendelea kukua kama hakikuguswa na kisu. Ule utando wa kijani kwenye mawe ya kisima, unaokuangusha na ndoo yako, ni katika hiyo. Na mwani wetu ni katika hiyo. Kile kinachoonekana kama mzizi kwenye mwani wa mwambani ni cha kujishikizia tu, hakinywi maji. Akasema zamani wataalamu walitia na kuvu kwenye kundi hilo, siku hizi wameitoa, na neno lenyewe kwao halitumiki sana.

Kwao halitumiki. Kwetu lilitumika mno. Wanawake walitoka mkutanoni nalo mdomoni kama pipi. Mwanamume anayeshinda barazani na bao aliitwa thalofita. Mkwe asiyejua kupika, thalofita. Watoto walitupiana mitaani. Mimi mwenyewe nilimwita jogoo wangu hivyo, maana hakuwa na faida. Tulicheka wiki nzima.

Kucheka kukaisha, kikabaki kitu kingine. Lazima mjue desturi ya ufukwe wetu. Kilichotupwa na bahari ni cha aliyekiokota. Ubao, boya, kipande cha nyavu, dumu, vyote hivyo ukivikuta ni vyako, hakuna wa kukuuliza. Na kilichopandwa ni cha aliyepanda. Mtu anaweza kuhamia Lindi mjini, akakaa mitaa ya Mtanda mpaka nywele zikawa nyeupe, mnazi wake huku hauguswi. Desturi hizo mbili zilitutosha tangu enzi za mababu. Halafu ukaja mwani, ambao unafungwa kwenye kamba ndani ya maji, na akaja afisa kusema hauna mzizi.

Wifi yangu, dada wa marehemu mume wangu, ndiye aliyeuliza pale mkutanoni.

"Kwa hiyo, bwana afisa, mwani haupandwi. Unawekwa tu?"

Afisa akacheka. "Kwa kusema kweli bibi, ndiyo. Hauoti mzizi."

Wifi akatikisa kichwa kukubali, akafunga kanga yake vizuri. Nilimwona. Nilijua amebeba kitu anakwenda nacho nyumbani.

Sasa niwaambie habari ya binti yangu. Aliolewa Mitole, kwa watu wa mashamba. Mumewe alikuwa akimpiga kwa mkono, baadaye kwa mkanda, baadaye akashika mchi wa kinu. Mchi ule ulimvunja meno ya mbele na ukampinda taya. Alikuja kwangu na wanawe wadogo wamemng'ang'ania miguuni, mdomo umevimba hata salamu haitoki. Nilimlisha uji kwa kijiko kama mtoto. Mumewe hakutoa talaka. Alipiga simu, nami nikasikia kwa masikio yangu: "Kaa huko. Siku ukishindwa kuwalisha wanangu, nakuja kuwachukua, na wewe utawafuata kwa magoti."

Kilichomlisha na wanawe kilikuwa mwani. Tena si mwani wa kila mtu. Ule mwembamba wenye miiba unaota popote, lakini yeye alikuwa na ule mnene, tunaouita kotonii, unaopendwa na wanunuzi na unaokufa upesi. Ugonjwa ulipopita, ule wa kuufanya mweupe na kuukatakata, mashamba yote ya kotonii yalikwisha. La wifi lilikwisha. La binti yangu likabaki, Mungu ndiye anayejua kwa nini. Na mbegu ya mwani ni mwani wenyewe. Haina punje ya kuweka kwenye kibuyu. Ikifa yote baharini, imekufa, na huna pa kuanzia. Mbegu ile ndiyo iliyokuwa ukuta kati ya mwanangu na ule mchi.

Kusi ikaingia kabla masika haijatoka. Bamvua, yale maji makubwa, na upepo vikakutana. Bahari ile haikuwa na adabu. Ilipiga mwamba ikarudi, ikapiga tena, na vile vigingi vya mkandaa tunavyofungia kamba, sisi twaviita mambo, kimoja uambo, iliving'oa kama unavyong'oa meno ya mtoto. Tulisimama ukingoni tukiangalia kamba zikipaa juu ya mawimbi na kuchapwa chini. Binti yangu alitaka kuingia. Nilimshika nguo, akanipiga kiwiko cha kifua, nikamshika tena, tukaanguka mchangani wote wawili.

Maji yalipokupwa tulikimbia kando ya ufukwe. Mkondo ulikuwa umeusukuma mwani wote upande wa wifi. Ulilala pale lundo kubwa, bado una taitai zake, zile kamba ndogo za nailoni za kufungia kila kichaka. Wifi na binti yake walikwisha kufika. Walikuwa wanaukata taitai kwa kisu na kuutupa kwenye chanja ukauke.

Binti yangu alifika akihema.

"Shikamoo, shangazi."

Wifi akakata taitai nyingine.

"Shangazi, hizo mbegu zangu."

"Zina jina lako?"

"Zina taitai zangu. Nimezifunga kwa mikono yangu."

"Na bahari imezifungua," wifi akasema, hata hakunyanyua kichwa. "Wewe kila unachofunga kinafunguka. Si ndoa, si mwani."

Binti yake akaangua kicheko. Huyu alikaa Dar miaka akarudi na maneno ya huko. "Shosti, usituletee za kuleta. Mwani hauna mzizi, kasema afisa. Na wewe huna. Mitole umeng'oka, huku hujashika. Thalofita mkubwa!"

Nikasema, "Wifi, jua likitoka mbegu inakufa. Mvua ikinyesha inakufa vilevile. Turudishe majini kwanza, halafu tugombane mpaka tuchoke."

"Wewe ulikuja hapa kuolewa na kanga zako kwapani, leo unanifundisha ufukwe wa baba yangu?"

"Baba yako hakufunga mwani."

"Wala mwanao hakupanda! Hakuna aliyepanda kitu kisicho na mzizi! Imetupa bahari, nimeokota mimi."

Binti yangu hakungoja. Aliinama akakumbatia lundo, akajaza kiroba. Binamu yake akamkamata nywele kwa nyuma akamvuta mpaka shingo ikapinda. Nikaokota uambo mmoja uliotupwa hapo, nikampiga yule msichana begani. Nilipiga kwa nguvu zote nilizobakiza. Uambo ukakatika. Wifi akanirukia, akashika ushungi wangu akaukaza shingoni mpaka nikaona kiza. Nilimuuma mkono. Ladha ya chumvi na damu ninaijua mpaka leo. Tulianguka juu ya mwani, unateleza ule, kila tukisimama tunaanguka tena, vikongwe wawili tunatwangana ngumi kama wavulana wa mnadani. Alinipasua juu ya jicho. Nilimpasua mdomo.

Halafu nikasikia binti yangu analia, si kwa sauti ya hasira. Alikuwa ameshika kile kisu kwa makali yake. Binamu yake alikuwa ameshika mpini. Sijui nani alimnyooshea mwenziwe kwanza, na nikiulizwa kwa kiapo nitasema sijui. Nilichoona ni kiganja kimefunguka toka kidole gumba mpaka kwenye kifundo, na damu inachuruzika juu ya mbegu.

Hata hapo hatukuacha. Msidhani damu inatuliza watu. Wifi aliendelea kunipiga, na mimi nikampiga, na mvua ikaanza, matone makubwa, na hakuna aliyekumbuka kwamba maji ya mvua ni sumu kwa mwani.

Aliyetuachanisha ni mwenyekiti wa kitongoji. Alikuja mbio na msuli kaukunja kiunoni, bakora mkononi. Aligawa bakora bila kuchagua, mimi ilinikuta mgongoni.

"Nani kamkata huyu?"

Tulikuwa bado tunahema.

"Nasema nani kamkata? Mnauana, watu wa ukoo mmoja, kwa majani ya bahari?"

Wifi akafuta damu mdomoni. "Si majani. Afisa kasema hayana jani."

Watu waliokuwa wamekusanyika wakacheka. Hata mimi, jicho limefumba, nilikaribia kucheka. Mwenyekiti hakucheka.

"Afisa kasema mwani umeumbwaje," alisema. "Hakuulizwa ni wa nani, na si kazi yake. Hiyo ni kazi yetu." Akalizunguka lile lundo, akalichokora kwa bakora. Mzee yule alikuwa akifikiri mbele yetu, tuliona. Kwa kuwa kweli desturi haikuwapo. Tukitwaa ile ya ubao na boya, wifi alikuwa na haki. Tukitwaa ile ya mnazi, binti yangu alikuwa na haki. Mwishowe akasema, "Ulio hai bado uko shambani, hata kama shamba limehama. Utarudi kwa aliyeufunga. Uliokufa umetupwa na bahari, ni wa aliyeuokota. Na mtauchambua hapa hapa, sasa hivi, wote wanne, kabla mvua haijamaliza kazi."

"Na mwenye mkono wa damu?" nikauliza.

"Afungwe kitambaa achambue kwa mkono mwingine."

Tukachambua. Ulio hai ni mgumu, ukiukunja unakatika kwa sauti. Uliokufa ni mweupe, unateleza kama kamasi. Juu ya lundo mvua ilikwisha kuuharibu wote. Ule wa kwenye chanja nao ulikwisha. Tulichimba chini kabisa, ulikojificha. Binti yangu alipiga magoti akichambua kwa mkono wa kushoto, wa kulia kaufunga kwa pindo la kanga yangu, pindo limelowa jekundu. Wifi alikuwa kando yangu. Mara kwa mara alinitupia kichaka mapajani bila kunitazama. "Huu wako. Unakatika." Ule mweupe aliutia kwenye tenga lake. Hatukusameheana, msije mkaandika hivyo. Alitenda alichoamriwa, nami vilevile.

Tulipata kiroba kisichojaa. Tulikifunga kwenye uambo uliobaki, kwenye maji ya magoti, mbegu zisikauke. Binti yangu akapelekwa zahanati kushonwa kiganja.

Aliporudi hakusimama uani. Aliingia chumbani, nikasikia anaburuta sanduku la nguo. Nilipochungulia alikuwa amekwisha kufunga mzigo, nguo zake na za watoto, kakaza kwa kamba ya nailoni kwa meno na mkono mmoja.

"Unakwenda wapi?"

"Mitole."

"Kufanya nini?"

"Mama, hazitoshi. Umeziona. Mpaka zizae tena wanangu watakuwa wamekwisha. Atakuja kuwachukua. Bora niende mwenyewe kabla hajaja na hasira."

"Atakupiga."

"Hata huku nimepigwa." Akaninyooshea kile kiganja, kilichoshonwa kama gunia. "Tena na ndugu zangu. Afadhali kule nimemzoea anayenipiga."

Vijana, hapo ndipo nilipotetemeka. Bahari haikunitetemesha, wala wifi, wala kisu. Maneno yale yalinitetemesha, kwa sababu alikuwa ametulia alipoyasema. Yule msichana wa Dar alimwita hana mzizi, naye alianza kuamini. Nikakaa juu ya mzigo wake.

"Sikiliza. Afisa alisema mmea ule ukikatwa kipande, kipande kinakua. Hakusema kinahitaji kuwa kikubwa. Ulianza na kiroba kisichojaa. Nilikuwapo."

"Nilikuwa na mikono miwili."

"Utaazima yetu."

 Akaegemea ukuta, akateleza mpaka chini, akalia kwa sauti ambayo hakuilia hata siku ya mchi. Wanawe wakaja kumwegemea. Sikumbembeleza. Kubembeleza kungempa nafasi ya kubishana. Nilisimama mlangoni, jicho moja limefumba, nikawaita wote waliokuwa uani, kaka zake tunaokaa nao na wake zao na wajukuu wanaojua kufunga fundo, nikawaamuru:

"Fungueni mzigo huu, nguo zirudi mahali pake. Hiyo kamba yake ikateni vipande vya taitai. Simu ya Mitole ikilia, ileteni kwangu, asiipokee mwingine. Na kesho maji yakipwa, asibaki mtu mzima ndani ya nyumba hii. Wote baharini, mkafunge."