Nilimwambia Mke Wangu Miaka Saba

Mimi ni mkosaji. Naanza na hilo ili usije ukanihurumia kabla hujanisikiliza. Nilimdanganya mke wangu mbele ya meza ya benki, na sikumdanganya kwa bahati mbaya. Jina langu silitaji, maana Lushoto milima ni mingi lakini watu tunajuana.

Ni mwalimu wa shule ya msingi, mwaka wa ishirini na nane kazini. Mke wangu tumwite Mama Upendo. Ni mkulima wa karoti na kabichi, mzaliwa wa Mlola. Aliishia darasa la saba, Kiingereza hakijui, na hajawahi kujifanya anakijua. Wa kujifanya anajua mambo nyumbani kwetu ni mimi.

Jamani, nyumba ilinitia wazimu! Nilikuwa nimepanga kwa watu miaka kumi na moja. Walimu wenzangu walikuwa wanajenga kidogo kidogo, mwaka huu msingi, mwaka ujao tofali, mwaka wa tatu hela imekwisha, tofali zinaota ukungu. Mimi nikawa nawacheka. Nikawauliza mtahamia lini, mkishaanza kutembelea mkongojo?

Ndipo nikasikia kuna benki inatoa mkopo wa nyumba kwa watumishi, unakatwa taratibu kwenye mshahara. Na kulikuwa na nyumba inauzwa juu kidogo ya mji. Vyumba vitatu, vigae sakafuni, mabati mekundu, choo ndani. Niliiona mara moja tu, usingizi ukaisha.

Afisa mikopo alikuwa kijana mpole, mgeni wa huku. Alinipigia hesabu: mkopo milioni thelathini, makato laki nne na elfu sitini na moja na kitu kwa mwezi, miaka kumi na mitano. Haki ya Mungu, mimi nilisikia laki nne na sitini tu. Nikatoa kwenye mshahara, nikaona inabaki ya mboga, nikasema naweza. Kwamba yote kwa pamoja ni shilingi ngapi, sikuuliza. Aliniwekea na karatasi yenye jedwali la marejesho ndani ya bahasha. Sikuifungua.

Lakini sheria inataka mwenza naye akubali na asaini. Na hapo ndipo palipokuwa na kazi.

Mkwe wangu, mama yake Mama Upendo, anaishi peke yake Mlola, kwenye nyumba aliyoachiwa na marehemu mumewe. Mabati yale yameoza. Masika anahamisha kitanda kutoka kona hii kwenda kona ile. Mke wangu ndiye mtoto pekee aliyebaki hai, na alikuwa anaweka akiba aje amwezekee mama yake. Nilipomletea habari ya mkopo hakukataa. Alijua akiba yake yote itaingia kwenye chakula na ada, mshahara wangu ukishakatwa. Akasema sawa, ila mkopo usizidi miaka saba.

"Mama ana miaka sabini na moja," akaniambia. "Saba atavumilia. Zaidi ya hapo nitamwezekea nani?"

Nikamwambia tutaona benki wanasemaje.

Siku ya kusaini tulivaa nguo za kanisani. Mkataba ulikuwa wa Kiingereza, kurasa nyingi. Yule kijana akasema, mwalimu, mweleze mama kwa lugha mnayoelewana vizuri, asisaini kitu asichokijua. Nikamgeukia mke wangu nikaanza kumweleza kwa Kishambaa. Nilimweleza kweli tupu, ukurasa kwa ukurasa: nyumba ndiyo dhamana, hati inakaa benki, tukishindwa kulipa inauzwa. Nilipofika kwenye muda, nikasema miaka saba.

Afisa hakujua hata neno moja la Kishambaa. Alinisubiri nimalize, akamwuliza yeye mwenyewe kwa Kiswahili, "Mama, umeelewa muda wa mkopo?"

"Nimeelewa," akajibu. "Mume wangu amenieleza."

Akasaini. Anaandika polepole, herufi moja moja, ulimi kauuma kidogo. Mimi nilikuwa naangalia dirishani.

Nilijitetea, nani asiyejitetea? Nilijiambia huu si uongo kamili. Miaka saba ikifika, nitakuwa nimelipa karibu nusu ya muda, kwa hiyo na deni litakuwa karibu nusu. Milioni kumi na tano na kitu. Nitauza mikaratusi ya marehemu baba, nitakopa kidogo kwenye ushirika wetu wa walimu, nafunga deni, na mke wangu hatajua kamwe kwamba ilikuwa kumi na mitano. Nusu ya muda, nusu ya deni! Hiyo ndiyo hesabu ya mtu anayefundisha watoto wa watu!

Tukahamia. Na mke wangu akabeba nyumba nzima mgongoni. Chakula yeye, sare za shule yeye, ada ya bweni ya binti yetu Upendo yeye. Alfajiri alikuwa anapanda lori la mazao kushuka Mnazi na magunia ya karoti, kwa sababu kule joto watu wananunua vizuri kuliko huku ambako kila mtu analima. Alirudi na vumbi hadi kwenye nyusi. Sijamsikia akilalamika. Kila mwaka mpya alikuwa anampigia mama yake simu anamwambia imebaki mitano, imebaki minne, imebaki mitatu. Mkwe anamjibu anavumilia, asijali. Mimi nikisikia hivyo natoka nje, najifanya naangalia kuku.

Mwaka wa saba ulipokaribia kuisha nikaenda benki kuuliza salio. Yule kijana alishahamishwa, nikamkuta dada mmoja. Akabonyeza kompyuta, akanigeuzia kioo nisome mwenyewe.

Milioni ishirini na nne na ushee.

Nilimwambia amekosea mtu. Akasoma jina langu, ni mimi. Nikamwambia nimelipa miaka saba, sijakosa hata mwezi mmoja, nimeshalipa karibu milioni thelathini na tisa kwa mkopo wa thelathini! Akasema ndiyo mwalimu, umelipa vizuri sana. Akachapa lile jedwali ambalo mimi nilikuwa nalo ndani ya bahasha tangu siku ya kwanza. Akaweka kidole kwenye mstari wa juu. Mwezi wa kwanza, kati ya laki nne na sitini na moja niliyokatwa, laki nne na ishirini na tano ilikuwa riba. Iliyopunguza deni ni elfu thelathini na sita na kitu. Mwezi wa pili hivyo hivyo, imezidi kidogo tu. Miaka ya mwanzo yote unalipa riba, akanieleza, deni lenyewe linaanza kushuka kwa kasi huko mwishoni. Akashuka hadi chini ya ukurasa wa mwisho. Jumla, milioni themanini na tatu.

Nilinunua nyumba moja kwa bei ya karibu tatu, na sikujua.

Nikauliza bei ya mikaratusi. Mfanyabiashara wa mbao akaniambia milioni mbili, tena ananihurumia. Nikaenda kwenye ushirika. Wakaangalia mshahara wangu, wakasema hauna nafasi ya kukatwa tena.

Nilirudi nyumbani siku hiyo nimeamua kusema. Kweli nilikuwa nimeamua. Nikamkuta Mama Upendo amefunga mbuzi nyuma ya nyumba. Anacheka peke yake. Alishakwenda kwa mchungaji, alishawaambia akina mama wa jumuiya, Jumamosi ijayo ni ibada ya shukrani hapa hapa sebuleni kwetu, Mungu ametuvusha salama kwenye deni. Mama yake naye anakuja kutoka Mlola.

Nikafunga mdomo. Ee Mungu, nilifunga mdomo!

Jumamosi walijaa hadi barazani. Mkwe akaketishwa kwenye kochi, ameshika mfuko wa maharage aliotuletea. Wakaimba, mchungaji akaomba, akawashukuru wenye nyumba kwa uvumilivu wao. Mzee wa kanisa akasema, "Mghoshi, simama utoe neno." Kwetu ndivyo anavyoitwa mwanamume. Nikasimama. Nikasema tumshukuru Mungu, ametufikisha. Wakajibu amina. Nilimla mbuzi yule, nikaongezewa na supu.

Jumatatu yake mke wangu akaenda dukani kulipia mabati ya mama yake. Akatanguliza nusu, hela ya karoti. Nusu nyingine akaahidi mwisho wa mwezi, akamwambia mwenye duka mshahara wa mume wangu sasa unatoka mzima. Fundi naye akasema ezua asubuhi, jioni tunakuwa tumefunika. Wakapanga iwe siku mshahara unapotoka. Yote hayo aliniambia, na yote niliyaitikia. Wiki tatu nzima nilikuwa naitikia! Nilikuwa nangoja nini, hata leo sijui. Labda nilitaka Mungu anisaidie katika uongo.

Siku ile alikwenda Mlola mapema. Mshahara ukaingia, umekatwa kama kawaida. Saa sita mchana akanipigia. Mabati ya zamani yote yako chini, fundi yuko juu ya kuta, mwenye duka hatoi mzigo mpaka amaliziwe. Akauliza nimetuma?

Nikamwambia kwenye simu. Mwoga mimi, kwenye simu! Nikamwambia makato yanaendelea, imebaki miaka minane, muda ulikuwa kumi na mitano tangu mwanzo.



"Yule kijana wa benki aliniuliza kama nimeelewa," akasema. "Nikamwambia nimeelewa, kwa sababu wewe ndiye uliyeniambia."

Nikaanza kueleza habari ya nusu ya muda na nusu ya deni. Akanikatiza taratibu tu.

"Ngoja kwanza. Mvua inaanza, nitoe godoro la mama."

Akakata.

Ilinyesha mpaka jioni. Kuta za nyumba ile ni za udongo, na ule wa upande wa jikoni ukaanguka. Mkwe akahamishiwa kwa jirani. Wale wale wa jumuiya waliokula mbuzi kwangu ndio waliochangishana, wakamalizia mabati. Nyumba imefunikwa, ukuta bado. Mama Upendo amebaki huko na mama yake. Ni mwezi wa tatu sasa. Mimi nalala peke yangu kwenye vyumba vitatu vya vigae, na kila chumba kina mwangwi.

Juzi nilikwenda Mlola. Nilijiandaa kutukanwa, nilitaka hata kutukanwa. Mkwe nilimkuta kwa jirani, amejifunika khanga mbili, anakohoa. Nikamwamkia shikamoo mama. Akaitikia marahaba, akanipokea kwa mikono miwili, akauliza watoto, akauliza shule. Halafu akasema, "Pole baba, kwa mshahara kuchelewa. Serikali nayo ina mambo mengi. Msigombane kwa ajili yangu."



Mke wangu akanisindikiza hadi njiani. Nilimwomba msamaha, nikalia, mtu mzima wa miaka hamsini na miwili. Hakulia. Akasema, "Nilimwambia mama mshahara umechelewa. Na jumuiya nikawaambia hivyo hivyo. Sijawahi kumdanganya mama yangu tangu nizaliwe." Akarudi ndani kumpikia uji.

Wewe unayesoma, mimi sikukatazi kukopa. Nyumba kila mtu anaitaka. Lakini usiulize unakatwa ngapi kwa mwezi ukaridhika. Uliza siku unayolipa shilingi ya mwisho utakuwa umetoa ngapi jumla, na wazee wako siku hiyo watakuwa na umri gani. Fungua bahasha. Soma mstari wa kwanza wa lile jedwali, uone riba ni ngapi na deni ni ngapi. Kama hulielewi, ondoka urudi siku nyingine.

Deni langu litaisha siku ninayostaafu. Mkwe, akijaliwa, atakuwa na miaka themanini na sita, na hiyo pole yake nitakuwa bado naisikia.

Na kama mwenzio hajui Kiingereza, usiwe wewe mkalimani wake. Mtafutie mtu mwingine amsomee, wewe toka nje. Akisikia miaka yote akakataa kusaini, mshukuru, urudi naye nyumbani mkapange chumba.