Maji ya Rangi ya Shiling

Jirani yangu wa ghorofa ya saba ni mchoraji kutoka Finland. Picha zake hazijulikani hata kwao, anasema mwenyewe bila kinyongo. Unaojulikana kidogo ni uso wake: mara moja moja anaitwa kuigiza mzungu kwenye tamthilia za Kichina, anakariri maneno bila kuyaelewa. Ameshakuwa daktari, padri, na balozi aliyepigwa risasi kabla hajamaliza chai. Hiyo ya balozi tuliitazama kwangu, nikacheka mpaka machozi yakanitoka.

Kinachomkera ni maji machafu. Hupanda basi kwenda kuchora mifereji ambayo mimi huiruka nikiwa nimeziba pua. Nilimwona ana muda wa kupoteza. Kazi yangu mimi ni mikoba: nanunua Shiling, mji wa karakana za ngozi hapa Uchina, napeleka Dar es Salaam.

Mwaka jana bosi wa karakana ninayonunua, laoban kama tunavyowaita mabosi wote hapa, alitaka mzungu wa kuonekana kwenye video ya maonyesho ya biashara ya Pazhou, ajifanye mbunifu wa mikoba kutoka Ulaya. Mzigo wangu wa Idi ulikuwa bado kwenye meza za washonaji wake, na laoban akinuna, mzigo hulala. Nikampeleka jirani haraka haraka.

Aliigiza vizuri, akapapasa mikoba, akaitikia kwa kichwa. Kamera ilipozimwa akamwona mwanamke anaosha trei za rangi ya kupaka kingo za ngozi. Akaniambia kwa Kiingereza, "Jirani, muulize laoban maji haya yanakwenda wapi."

Nikauona mzigo wangu ukilala mezani. Nikamgeukia laoban, nikamwambia kwa Kichina changu cha sokoni kwamba mgeni anasema rangi zenu ni nzuri sana. Laoban akafurahi, akamwinulia dole gumba. Jirani nikamwambia maji yanasafishwa. Sikuwa najua lolote.

Kwenye gari, tukirudi, jirani akasema, "Neno la Kichina la 'nzuri' nimelisikia kwa kila mwongozaji wa tamthilia. Halikuwemo kwenye swali langu." Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nikajifanya napokea simu.

Mzigo uliondoka kwa wakati. Wiki iliyofuata laoban alinipigia, anacheka.

"Pengyou, rafiki yangu, yule mzungu wako kaja peke yake na basi, swali lake kaliandika kwenye simu, simu ikalitafsiri. Nimemzungusha nyuma, nimemwonyesha tangi letu la kuchujia. Mbona siku ile hukuniuliza?"

Niliona haya kwelikweli, nikapanda ghorofa ya saba kuomba radhi. Jirani alinipokea vizuri, akanimiminia kahawa, akasema yamekwisha. Kabla sijaimaliza, fundi wa bomba akagonga mlango, Mchina asiyejua Kiingereza. Siku zote jirani alikuwa akishuka kuniita nimsemee. Safari hii nilikuwa nimekaa palepale mbele yake, na yeye akatoa simu, akaandika mwenyewe.