Dawa Isiyowasha

Mtu akikwambia kwamba baada ya upasuaji wa leza unaamka kesho yake unaona dunia yote, muulize kwanza anaishi wapi. Mimi naishi Same mjini. Dunia yote niliiona, sikatai, na vumbi lake nikaliona. Ikifika saa nne asubuhi upepo wa kwetu unaanza kazi, unapiga mpaka jioni, wala hauulizi nani katoka kutibiwa macho. Miezi minane nilitembea nikipepesa kope kama mtu anayekonyeza waume za watu, na kueleza nilishachoka.

Lakini haya siyaandiki kwa ajili ya macho yangu. Yangu yalipona. Nayaandika kwa ajili ya jicho moja la mama yangu, la kulia, maana la kushoto lilishazimika kabla hatujajua kwamba kuna ugonjwa unaoitwa presha ya macho. La kulia ndilo lililobaki, na kulilinda ilikuwa kazi yangu. Dawa yenyewe ilikuwa chupa ndogo ya matone, tone moja asubuhi na tone moja jioni, maisha yote. Daktari alitueleza mapema kwamba dawa hiyo hairudishi kilichopotea, inashika tu kilichobaki. Mimi ni nesi. Nilielewa kuliko mtu yeyote aliyekuwa ndani ya kile chumba.

Miwani nilianza kuvaa darasa la tano. Sikuichukia mpaka nilipoanza kushinda na barakoa usoni kazini. Ukivaa vyote viwili kwa pamoja vioo vinajaa ukungu, na mshipa wa mgonjwa unautafuta kwa kubahatisha huku mwenyewe anakutazama kwa wasiwasi, na ana haki. Nilipofikisha miaka arobaini na moja nikaenda hospitali ya macho Dar es Salaam, nikalala kwenye kitanda chao, leza ikapita jicho la kwanza, ikapita la pili, na kabla sijamaliza sala niliyoianza nikaambiwa niinuke. Walinionya kwamba macho yangekuwa makavu kwa miezi kadhaa. Niliitikia kama tunavyoitikia matangazo ya kanisani, kichwa kinakubali na akili iko kwenye chakula cha mchana.

Ukavu huo siutamani kwa adui. Asubuhi kope zilikuwa zinakwaruza, zikishuka utasema zina mchanga. Mchana, katikati ya zamu, nilikuwa najifungia chooni dakika mbili nikae nimefumba tu. Matone niliyopewa Dar yalipokwisha nikaingia duka la dawa karibu na stendi, na dada wa pale akanipa chupa akaniambia, "Hii inatoa wekundu, dakika tano tu unang'aa." Nilijua kabisa kwamba dawa ya kutoa wekundu si dawa ya ukavu. Wagonjwa nawakataza kila siku. Nikainunua, maana nilikuwa nimetoka zamu ya masaa kumi na mawili na sikuwa na nguvu ya kubishana na mtu, hata na mimi mwenyewe. Niling'aa siku tatu. Siku ya nne wekundu ukarudi na ndugu zake.

Nikajaribu machozi ya bandia ya chupa. Tone la kwanza la siku lilikuwa zuri, la pili zuri, na kufika la tano jicho linawaka moto, kwa sababu ya ile dawa ya kuhifadhi wanayoitia humo ili chupa isiharibike. Nikajaribu ile nzito kama ute wa bamia. Hiyo ilituliza kweli, ila ukiitia huoni kitu nusu saa nzima, nikajikuta nimerudi kwenye ukungu nilioulipia ili uniondoke. Mwisho dada wa duka akaniagizia kutoka Moshi vile vichupa vidogo vya plastiki vya kutumia mara moja na kutupa, visivyo na dawa ya kuhifadhi. Nikavunja kimoja palepale kaunta. Haikuwasha. Ilikuwa baridi, ikaenea, ikatulia, na mabega yangu yakashuka. Nikachukua maboksi mawili na wikiendi ile nikapanda kwa mama.

Mama anaishi milimani, juu ya Gonja, kwenye nyumba aliyoachiwa na baba, na migomba na tangawizi zake ziko kwenye mteremko ambao mimi nikishuka nashuka kwa makalio. Yeye anaushuka na jembe begani. Nilifika nikiwa hoi. Nilimwamkia, nikala makande yaliyokuwa yananisubiri, nikajilaza kitandani kwake na kitambaa cha maji usoni. Alikuja akasimama karibu, mkononi ana chupa yake ya presha ya macho, ndiyo ulikuwa wakati wake wa tone la jioni. Akaniuliza hivyo vya kwangu ni vitu gani.

"Dawa ya macho, mama."

"Inawasha?"

"Haiwashi. Ndiyo maana nimeichagua."

"Hii yangu inawasha, mwanangu. Inawasha mpaka nasikia kwenye koo."

Sikuondoa kitambaa usoni. Nilikuwa bado namfikiria yule dada wa duka na chupa yake ya kung'aa, na hasira ilikuwa haijaniisha. Nikasema, "Dawa ya macho ikiwasha si nzuri, achana nayo. Mimi nimehangaika nazo mpaka basi."

Nilikuwa naongelea za kwangu. Mama akasema, "Haya." Asubuhi akaniomba nimwachie boksi moja, apate na yeye kupoza macho. Nikamwachia, na nikafurahi kwamba kuna kitu changu amekipenda. Kila mwezi baada ya hapo nilimtumia boksi jingine kwa kondakta wa basi. Yeye naye kila mwezi aliteremka hospitali kuchukua chupa yake ya presha, hakukosa hata mara moja. Nilijua kwa sababu nilikuwa nikimpigia simu kumkumbusha, na alikuwa akinijibu kwamba ameshaichukua. Ilikuwa kweli.

Niliporudi mara ya pili bega lake la kulia lilikuwa na alama, amejigonga kwenye mwimo wa mlango ambao ameupita miaka hamsini. Mara ya tatu alinimiminia chai, nusu ikaingia kikombeni na nusu ikaenda mezani, akacheka akasema mikono imezeeka. Na mimi nikacheka. Mgonjwa mwingine yeyote angeniambia hayo mawili ningemwandikia rufaa ya macho kabla hajakaa vizuri kwenye kiti. Kwa mama niliyaita uzee, nikafuta meza, nikalala.

Baada ya miezi mitano ikafika tarehe yake ya kupimwa. Nilimpeleka mwenyewe. Daktari ni kijana, mpole, alimwamkia mama shikamoo kabla ya kugusa faili. Akapima presha ya jicho, akapima tena, akapima mara ya tatu.

"Mama, dawa unatia?"

"Sijakosa hata siku moja, baba. Asubuhi na jioni."

Akanitazama mimi. Nikamwambia, na sauti yangu nadhani ilikuwa na kiburi kidogo, "Anatia, daktari. Mimi ni mwanawe na ni nesi." Akatingisha kichwa polepole. Alisema kwamba jicho limepoteza sehemu kubwa ya pembeni, kwamba ataongeza dawa ya pili, na kwamba tutakaporudi tuje na chupa anazotumia. Hilo la chupa liliniudhi. Niliona ananishuku.

Tulipofika nyumbani nikamwambia mama nionyeshe dawa zako, nimtumie yule daktari picha aridhike. Akaenda kwenye kabati la vyombo, akapapasa nyuma ya vikombe vya wageni, akatoa vifuko vitano vya karatasi vya hospitali. Ndani ya kila kifuko kulikuwa na boksi, ndani ya boksi chupa, na kifuniko cha kila chupa hakijakatwa. Alizipanga mezani kwa heshima, za tangu mwezi ule wa kwanza.

"Mama, hizi hujazifungua."

"Hizo si zinawasha? Uliniambia niachane nazo. Natia zile zako. Asubuhi na jioni, sijakosa."

"Sasa ukaenda kuzichukua za nini?"

"Wale mabinti wa dawa wananihangaikia. Ningewaambia sizitaki wangejisikiaje?"

Nikakaa. Kitu cha kwanza nilichosikia kilikuwa hasira, na sitasema uongo, ilikuwa hasira juu yake. Nilimuuliza kwa nini hakuniuliza, kwa sauti ambayo sijawahi kuitumia kwa mgonjwa wala kwa mama. Hakukasirika. Alikuwa anakunja vile vifuko, kimoja baada ya kingine.

"Ulikuwa umechoka, mwanangu. Kila ukija umechoka. Nikasema nisikusumbue. Tena ulinijibu vizuri tu, nikasikia." Kisha akaongeza, kama mtu anayetaka kunitia moyo, "Hata kanisani nimewaambia. Nimewaambia binti yangu amenitafutia dawa isiyowasha."

Niliona aibu mpaka masikio yakapata moto. Kwa miezi mitano mwanamke huyu alikuwa akijisifia kwa wenzake maji ya kupoza macho, na jicho lake likiliwa kidogo kidogo kutoka pembeni, kwa neno langu. Nilimweleza yote, pole pole, kama nilivyopaswa kumweleza siku ile. Kwamba zile zangu ni za starehe tu, hazina kazi nyingine. Kwamba ile inayowasha ndiyo iliyokuwa inalinda. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza swali moja.

"Niliyopoteza yatarudi?"

"Hayarudi, mama."

"Haya," akasema. Alilisema kama lile la kwanza.

Nikanawa mikono, nikafungua chupa, nikamlaza kichwa nyuma. Tone lilipoingia alishika ukingo wa kanga yake akaukaza. Nikambana kona ya jicho kwa kidole, pale karibu na pua, dawa isiteremke kooni. Hilo nalo sikuwa nimewahi kumwonyesha. Ningemwonyesha mwanzoni asingelalamika koo. Tulikaa hivyo dakika moja na nusu, kidole changu usoni kwake, na sikumbuki ni lini kabla ya hapo nilikuwa nimemgusa uso.

Kesho yake nilikuwa na zamu ya mchana Same, basi langu linaondoka mapema. Kabla ya kutoka nikaweka viti viwili mlangoni penye mwanga, tukakaa tunatazamana, magoti karibu yagusane. Nilitaka kujua kilichobaki ni kiasi gani. Nikamwambia atazame pua yangu, asihamishe jicho, nami nitaleta kidole kutoka pembeni, akikiona tu aseme. Nilianza upande wa kushoto. Kidole kilitembea, kikatembea, kikafika usawa wa shavu langu ndipo akasema anakiona. Kutoka juu kikashuka mpaka kwenye nyusi. Upande wa kulia nilikileta pole pole kuliko pengine kote. Kikapita sikio langu, kikapita shavu, kikakaribia kona ya mdomo, na yeye ananitazama tu, ametulia, anasubiri. Aliposema "hicho hapo" kilikuwa karibu kinaniingia puani.

Nadhani alisikia pumzi yangu ilivyobadilika. Nikasema turudie ule upande wa kulia, labda nimekosea. Lakini mkono ulikuwa mzito, nikaulaza kwanza gotini niupumzishe.

"Nakiona," mama akasema, jicho lake likiwa limekaza kwenye pua yangu. "Sasa nakiona vizuri, tangu mbali. Nenda, mwanangu, usije ukachelewa basi."

Mkono wangu ulikuwa bado gotini.